Mzazi Anaposahau Njia ya Nyumbani

Watoto wetu wanaofanya kazi Nairobi wengine wamejenga Kitengela na Isinya. Mama aliyeko Mombasa akianza kusahau, wazo la kwanza ni kumchukua akakae nao. Nia ni njema, lakini tusikimbilie.

Alzheimer ni maradhi ya ubongo. Si uchawi, wala si uzee tu. Daktari Mjerumani, Alois Alzheimer, aliyaeleza mwaka 1906. Seli za ubongo hufa polepole, na ya karibuni ndiyo hutangulia kupotea: chakula alichokula mchana, jina la mjukuu. Ya utotoni hukawia. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kuwa mwaka 2021 watu milioni 57 walikuwa na maradhi ya kupoteza kumbukumbu, na Alzheimer ni asilimia 60 hadi 70 ya hayo. Dawa ya kuponya haijapatikana. Hata hivyo mpelekeni hospitali kwanza, kwani upungufu wa vitamini B12, matatizo ya tezi la shingo au sonona huweza kufanana nayo, na hayo yanatibika.

Sasa huko kuhama. Nyumba aliyoizoea humwongoza mgonjwa bila yeye kufikiri; miguu inajua choo kilipo. Nyumba mpya haimwambii kitu. Na Isinya barabara kuu ya Namanga inapita papo hapo, malori usiku na mchana, na ukiupa mji kisogo ni mbuga. Wengi huchanganyikiwa zaidi magharibi inapoingia, na hapo ndipo hutoka.

Ikiwa hakuna budi ahamie, aje na kitanda chake, mkeka wake na kanga zake. Lango lifungwe mapema. Nambari ya simu ishonwe ndani ya nguo. Waambieni majirani, mwenye duka na vijana wa bodaboda stejini. Kumficha kwa aibu ndiko kunakompoteza. Akikosekana, pigeni ripoti polisi mara moja.

Kwa Waislamu, aliyepotewa na akili halazimiki kuswali, basi asigombezwe kwa rakaa alizosahau. Akitaka kukaa msalani na tasbihi yake, mwacheni.

Tena asiachiwe binti mmoja kwa kuwa hajaolewa. Naye anahitaji kulala.

Mama akisema "nataka kwenda kwetu", msibishane naye kwamba yuko kwake. Muulizeni kwetu kukoje, mkae msikilize.