Hospitali ya Bombo na Watu wa Mtang'ata

Katika Aprili 1498 merikebu São Rafael, moja katika msafara wa Vasco da Gama, ilipwelewa mbele ya Mtang'ata, ambayo ndiyo Tongoni. Wenyeji wakawapelekea mabaharia machungwa. Januari 1499 Wareno waliichoma merikebu hiyo katika maji yale yale, maana kiseyeye kilikuwa kimewapunguza watu wa kuiendesha. Machungwa ndiyo dawa ya kiseyeye, ila pengine hapana aliyelijua hilo siku ile.

Hospitali ilikuja karne nne baadaye, upande wa kaskazini, mjini Tanga. Wadachi waliijenga Bombo, juu ya jabali linaloelekea ghuba. Na katika vita vya Novemba 1914 majeruhi wa Kidachi na wa Kiingereza walilazwa pamoja.

Wenyeji hawakumtafutia tabibu wa Kizungu jina geni. Walimwita mganga, kama yule wa mizizi, na serikali ikalipokea neno: hata leo msimamizi wa tiba mkoani ni Mganga Mkuu.

Bombo sasa ni hospitali ya rufaa ya mkoa, hupokea wagonjwa tangu Pangani hata Lushoto. Lakini kwa pwani yenyewe kazi yake moja ina uzito wa peke yake, nayo ni kupasua mabusha. Ugonjwa huo huenezwa na mbu, na wanaume wengi waliuficha chini ya kanzu na shuka kwa miaka, wakidhani ni maji ya madafu au laana. Dawa ya kumeza huzuia maambukizo. Busha lenyewe huondolewa kwa kisu, na mvuvi akarudi chomboni.