Baraza la Usiku wa Manane

Mchana una mabaraza yake, na kila baraza lina wenyewe. Bunge lina wabunge, mahakama ina mahakimu, soko lina wachuuzi. Usiku wa manane aghalabu hauna baraza. Aliyelala amelala, na aliyekesha hukesha peke yake: mgonjwa asiyepata usingizi, mjane, dereva wa lori, mlinzi wa zamu. Nataka kueleza hapa jinsi watu hao walivyopata baraza lao katika nchi ya Marekani kwa njia ya redio na simu, na jinsi baraza hilo lilivyogeuka. Kwa maana naamini kuwa tarehe ya taifa haikamiliki kwa sauti za mchana pekee.

Chanzo cha kwanza kilikuwa maumbile. Mchana, mwanga wa jua huamsha angani tabaka linalofyonza mawimbi ya kati ya redio. Jua likizama tabaka hilo hudhoofika, na mawimbi hupanda juu zaidi, hurudishwa ardhini na tabaka jingine, yakashuka mbali mno na yalikotoka. Kwa hiyo kituo cha KSL cha mji wa Salt Lake City, chenye nguvu ya wati 50,000, ambacho mchana kilikuwa cha jimbo lake na jirani zake, usiku kilikuwa cha magharibi nzima.

Katika mwaka 1964 mtangazaji Herb Jepko alianza katika kituo hicho kipindi kilichokuja kujulikana kwa jina la Nitecaps. Sheria yake ilikuwa nyepesi. Msikilizaji alipiga simu, akapewa dakika chache, akazungumza habari za wajukuu, mapishi, maradhi au hali ya hewa ya kwao. Mabishano ya siasa na dini yaliepukwa. Wengi wa waliopiga walikuwa wazee, na wanawake miongoni mwao walikuwa wengi. Wasikilizaji hao waliunda vyama, wakakutana ana kwa ana, wakawa na jarida lao. Msomaji wa Afrika Mashariki anayekumbuka vipindi vya salamu, na vyama vilivyozaliwa navyo, hataona ugeni katika jambo hili: mtu husikia jina lake likitajwa hewani, akajua kwamba hajasahauliwa.

Mwaka 1975 shirika la Mutual lilikichukua kipindi hicho na kukieneza nchini, na kwa hivyo huhesabiwa kuwa kipindi cha kwanza cha simu za wasikilizaji kusikika Marekani nzima. Walakini kufika mwaka 1977 kilikuwa kimeondolewa katika shirika hilo. Hakikukosa wasikilizaji, kilikosa matangazo ya biashara ya kutosha, kwa sababu wenye bidhaa hawakuwa na haja na masikio ya wazee. Hapa yafaa tusimame kidogo. Watu waliojenga baraza kwa mazungumzo yao walipimwa kwa mizani ya dukani, wakaonekana wepesi. Hukumu hiyo haikutolewa na adui wala mdhalimu. Ilitolewa na daftari la hesabu, nayo haikuwa na rufani.

Tarehe 30 Januari 1978 Mutual ilimpa usiku huo Larry King, naye akalipanga baraza upya. Kwanza alizungumza na mgeni, awe mwanasiasa, mwandishi au mchezaji. Kisha wasikilizaji wakamuuliza mgeni maswali yao. Mwisho, saa za kuelekea alfajiri, mlango ulifunguliwa kwa kila neno. Kipindi kilienea katika mamia ya vituo, na mwaka 1982 kikatunukiwa tuzo ya Peabody. Faida yake ilikuwa kubwa: mtu asiye na cheo aliweza kumhoji mwenye cheo, na taifa zima likasikia. Akili ni nywele, kila mtu ana zake. Hapo nywele za watu wote zilionekana.

Lakini kilichopatikana kililipiwa. Kwa Jepko, aliyepiga simu ndiye aliyekuwa mgeni wa heshima. Kwa King, kwa sehemu kubwa ya usiku, alikuwa muulizaji nyuma ya mgeni mwingine. Kisha mwaka 1987 iliondolewa kanuni iliyowekwa mwaka 1949, iliyowataka wenye vituo kuzipa nafasi pande zinazopingana katika mambo yenye utata. Mwaka uliofuata Rush Limbaugh alianza kutangaza kwa nchi nzima, mchana, na redio ya mazungumzo ikaelekea kwenye ushindani wa itikadi. King aliuacha usiku mwaka 1993, na Jim Bohannon akakirithi kiti chake hadi mwaka 2022.

Huenda mtu akasema kwamba maneno ya Nitecaps yalikuwa porojo, na kwamba mwanahistoria ana kazi kubwa zaidi ya kusikiliza mapishi ya bibi mmoja saa tisa za usiku. Sikubaliani naye. Wala sidai kwamba baraza lile lilikuwa la watu wote. Asiye na simu, asiye na fedha za kulipia simu ya mbali, na mwenye haya hawakuingia. Nadai hili tu: hotuba ya mkubwa hutuonyesha taifa linavyotaka kuonekana, na maneno ya mkesha hutuonyesha linavyoishi. Hotuba zina makabati na watunzaji. Maneno ya mkesha hupita hewani, na asipokuwapo wa kuyahifadhi hutoweka pamoja na giza lililoyaleta. Atakayeandika tarehe ya watu bila kuyatafuta ataandika nusu yake, na huenda asijue kwamba ni nusu.