Joe Thomas

Joseph Hayden Thomas (alizaliwa Brookfield, Wisconsin, Marekani, 4 Desemba 1984) ni mchezaji mstaafu wa futiboli ya Kimarekani. Aliichezea Cleveland Browns kuanzia 2007 hadi 2017 katika nafasi ya mlinzi wa pembeni kushoto, na hakuwahi kuvaa jezi ya timu nyingine ya kulipwa. Anajulikana zaidi kwa kushiriki mikupuo 10,363 mfululizo bila kukosa hata mmoja. Wapenzi wa Cleveland huongeza jambo la pili, tena kwa uchungu: kwamba mlinzi aliyekuwa bora kuliko karibu wote wa kizazi chake alitumia maisha yake yote ya uchezaji katika timu iliyozoea kufungwa.

Nafasi yake uwanjani

Aliyezoea kandanda atahitaji maelezo kidogo hapa. Futiboli ya Kimarekani haichezwi mfululizo. Huenda kwa vipande vya sekunde chache: senta anautoa mpira nyuma kwa kuupitisha kati ya miguu yake, purukushani inatokea, mbebaji anaangushwa au pasi inakosa mpokeaji, watu wanajipanga upya. Kipande kimoja cha namna hiyo ndicho kinachoitwa mkupuo katika makala hii. Timu yenye mpira huweka mbele ukuta wa watu watano, yaani senta katikati, magadi wawili ubavuni mwake, na walinzi wawili wa pembeni. Ukimtoa senta, wengine wanaweza kumaliza msimu mzima bila kuugusa mpira. Kazi yao ni kuwazuia wapinzani wasimfikie kwotabeki, ambaye ndiye mrusha pasi, na kumfungulia njia mkimbiaji.

Upande wa kushoto una uzito wake. Kwotabeki anayerusha kwa mkono wa kulia husimama akiwa ameupa mgongo upande huo, kwa hiyo anayemjia kutoka huko hamwoni. Tangu miaka ya 1980, zama za Lawrence Taylor wa New York Giants, timu zilijifunza kwa machungu kwamba mgongo huo unahitaji mtu wa kuaminika, na mshahara wa mlinzi wa kushoto ukapanda ipasavyo.

Tatizo ni jinsi ya kumpima mtu huyu. Mkimbiaji huhesabiwa yadi, mrushaji huhesabiwa pasi, mlinzi wa upande wa pili huhesabiwa watu aliowaangusha. Wa ukuta wa mbele hana hesabu yake isipokuwa makosa: adhabu alizosababisha, na mara ambazo mtu wake alimponyoka. Akifanya kazi vizuri, kamera haina sababu ya kumtazama. Ndiyo maana rekodi ya Thomas ni ya kipekee. Ni tarakimu adimu inayompima mtu wa ukuta kwa kile anachodaiwa kuliko vyote, yaani kuwepo.

Wisconsin

Thomas alisoma Chuo Kikuu cha Wisconsin mjini Madison, katika jimbo ambalo kwa miaka mingi limekuwa likitoa walinzi wakubwa, wazito na wenye nidhamu. Alikuwa pia mrusha tufe na kisahani katika timu ya riadha ya chuo. Si ajabu basi kwamba baadaye alisifiwa kwa miguu yake kuliko kwa nguvu za mikono: mrusha kisahani hujifunza kuzunguka mwili mzito katika duara dogo bila kupoteza mhimili.

Tarehe 2 Januari 2006, katika mechi ya Capital One Bowl dhidi ya Auburn, makocha walimpeleka upande wa ulinzi kwa sababu ya upungufu wa wachezaji. Huko, katika kazi isiyokuwa yake, akachanika kano ya goti. Wisconsin ilishinda 24–10. Alirudi chuoni kwa msimu wa mwisho, goti likapona, timu ikamaliza na ushindi 12 na kipigo kimoja, naye akatunukiwa Outland Trophy ya 2006, tuzo ya mchezaji bora wa mstari wa mbele katika vyuo vyote.

Kuingia ligi kuu

Katika drafti, hafla ambayo timu za ligi ya NFL huchagua wachezaji wapya kwa zamu, Browns walimchukua wa tatu tarehe 28 Aprili 2007. Waliomtangulia ni kwotabeki JaMarcus Russell, aliyekwenda Oakland, na mpokea pasi Calvin Johnson, aliyekwenda Detroit. Wakati huo vijana waliotarajiwa kuchaguliwa mapema walialikwa New York, wakavaa suti mpya na kupiga picha na kamishna wa ligi. Thomas alikataa mwaliko. Siku hiyo alikuwa ndani ya boti kwenye Ziwa Michigan, akivua samaki pamoja na baba yake. Habari ilimfikia majini.

Mkupuo wake wa kwanza ulikuwa Septemba 2007 dhidi ya Pittsburgh Steelers, mechi ambayo Browns walilala 34–7. Kwotabeki aliyeianza, Charlie Frye, aliuzwa Seattle ndani ya siku chache. Wiki iliyofuata Browns waliifunga Cincinnati 51–45, na Jamal Lewis akakimbia yadi 216 nyuma ya ukuta huohuo. Msimu uliisha kwa ushindi 10 na vipigo 6, lakini haukutosha kuwapeleka kwenye mtoano. Thomas hakujua wakati huo kwamba ndio ungekuwa msimu wake pekee wa kushinda zaidi ya kufungwa.

Miaka ya vipigo

Ili kuielewa Cleveland ya miaka hiyo, ni lazima kurudi nyuma. Mmiliki wa zamani, Art Modell, aliihamishia timu Baltimore mwaka 1996. Jiji likapewa Browns wapya mwaka 1999, timu iliyoanzia sifuri na ambayo haikutulia. Katika misimu 11 ya Thomas walipita makocha wakuu sita: Romeo Crennel, Eric Mangini, Pat Shurmur, Rob Chudzinski, Mike Pettine na Hue Jackson. Makwotabeki waliopewa nafasi ya kuanza mechi walifika 20. Yeye aliwalinda wote, wazuri na wabovu, na wapo walioanza mechi moja tu wakatoweka.

Jumla ya misimu hiyo ni mechi 176, ushindi 48. Msimu wa 2016 walishinda mara moja. Wa 2017 hawakushinda kabisa: mechi 16, vipigo 16.

Katikati ya vumbi hilo, Thomas alichaguliwa kwenda Pro Bowl, mechi ya nyota wa ligi, katika kila mmoja wa misimu yake 10 ya kwanza. Waliofanya hivyo kabla yake ni wanne tu: Merlin Olsen, Mel Renfro, Barry Sanders na Lawrence Taylor. Hakuna hata mmoja kati yao aliyecheza ukuta wa mbele wa timu yenye mpira. Mara sita aliwekwa katika kikosi cha kwanza cha All-Pro, orodha ya wachezaji bora wa msimu. Mwaka 2011 alitia saini mkataba mpya wa miaka saba wenye thamani ya hadi dola milioni 84.

Novemba 2015 ziliripotiwa habari za mazungumzo ya kumuuza Denver Broncos. Mazungumzo yalivunjika siku ya mwisho ya usajili, na miezi mitatu baadaye Denver wakatwaa Super Bowl, fainali ya ligi. Mtu mwingine angenung'unika hadi leo. Thomas aliendelea kusema kwamba anataka kuwepo Cleveland siku mambo yatakapogeuka, na kwa maoni ya mwandishi huyu, ukaidi huo ndio uliomfanya apendwe na jiji lile kuliko mataji ambayo hakuyapata.

Namna alivyocheza

Urefu wake ulikaribia mita 2 na uzito wake ulizidi kilo 140, vipimo vya kawaida kwa kazi yake. Kisicho cha kawaida ni utulivu. Walinzi wengi hurudi nyuma kwa hatua zilezile kila mara, na mshambuliaji mwerevu huzisoma. Thomas alibadilisha: mara alirudi taratibu akimsubiri mpinzani aamue kwanza, mara alimrukia papo hapo kabla hajaanza mbio. Mikono yake aliificha hadi dakika ya mwisho. Hakuwa na mbwembwe za kumlaza mtu chini ili watazamaji wapige kelele.

Mkupuo wa 10,363

Ligi ilianza kuweka hesabu rasmi ya mikupuo mwaka 1999, na hakuna mfululizo unaojulikana tangu hapo unaofikia wa Thomas. Alivuka 10,000 Septemba 2017 ugenini Baltimore. Tarehe 22 Oktoba mwaka huohuo, nyumbani dhidi ya Tennessee Titans, alianguka katika robo ya tatu akiushika mkono wa kushoto. Msuli wa nyuma ya mkono, juu ya kiwiko, ulikuwa umechanika. Alitoka nje kwa miguu yake, watazamaji wakisimama, na Spencer Drango akaingia mahali pake. Titans walishinda 12–9 katika muda wa nyongeza. Ilikuwa mechi yake ya 167, na ya mwisho.

Alitangaza kustaafu 14 Machi 2018. Baada ya hapo alipunguza uzito zaidi ya kilo 20, akieleza kwamba kazi ngumu ilikuwa ile ya zamani: kula bila njaa, siku nenda siku rudi, ili mwili usipungue. Aliingia katika utangazaji, na pamoja na Andrew Hawkins, aliyewahi kucheza naye, akaendesha kipindi cha mazungumzo kiitwacho The ThomaHawk Show.

Tarehe 5 Agosti 2023 aliingizwa katika Jumba la Umaarufu la Futiboli ya Kulipwa lililoko Canton, Ohio, kusini mwa Cleveland. Alikubaliwa mwaka wa kwanza aliostahili kupigiwa kura, ingawa hakuwahi kucheza hata mechi moja ya mtoano.

Cleveland yenyewe haikuwa imesubiri kura hizo. Usiku wa 20 Septemba 2018, Browns wakicheza na New York Jets, tarakimu 10,363 ziliwekwa uwanjani kando ya majina ya magwiji wa timu. Browns walishinda 21–17. Ulikuwa ushindi wao wa kwanza tangu 24 Desemba 2016.