Deni la Mwalimu

Kwa miaka mingi niliwafundisha wanachuo wangu wa ualimu kisa kimoja cha Japani, nikidhani ni historia tupu. Sasa nimestaafu, na deni la kukisahihisha lingali shingoni mwangu.

Duka la Mitsukoshi la Tokyo lilianzishwa mwaka 1673 kama duka la vitambaa, likiitwa Echigoya. Mwaka 1904 lilitangaza kuwa litauza bidhaa za kila aina chini ya paa moja, kama maduka makubwa ya Marekani. Mengine yalifuata njia hiyo, likiwemo Shirokiya. Zamani waliouza walikuwa wanaume, na wavulana walioingia dukani wangali wadogo. Sasa wasichana nao wakaajiriwa. Walishinda wamesimama, wakiwainamia wateja kwa adabu, na wengi waliacha kazi walipoolewa.

Tarehe 16 Desemba 1932 moto ulizuka ghorofa ya nne ya Shirokiya, palipouzwa vitu vya watoto kuchezea. Watu 14 walikufa. Baadhi yao walianguka walipokuwa wakijaribu kuteremka kwa kamba. Siku chache baadaye, mkuu mmoja wa duka alieleza magazetini kwamba wauzaji wanawake walivaa kimono bila nguo za ndani. Upepo ulipoyapeperusha mavazi, waliachia kamba ili wajisitiri, wakaanguka.

Kisa hicho nilikifanya somo la haya. Siku moja msichana mmoja alinyosha mkono: "Mwalimu, nani aliwauliza wale waliokufa?" Nilimwambia asikatize kipindi.

Mwaka 2002 mtafiti Mjapani, Shoichi Inoue, alichapisha kitabu kinachokipinga kisa hicho. Niliposoma habari zake nilimkumbuka binti yule. Swali lake lilikuwa ndilo swali la kwanza la historia: msemaji ni nani, naye ananufaika na nini? Aliyesema alikuwa mkuu wa duka lililoungua. Haya ya marehemu ikishakuwa ndiyo sababu ya kifo, nani tena atauliza habari za ngazi, milango na moshi?

Wanawake wale walikwenda kazini asubuhi kutafuta riziki. Mimi niliwakumbuka kwa nguo zao tu, nikausahau moto. Ewe mwalimu kijana, mwanafunzi akikukatiza kipindi kwa swali kama lile, weka chaki chini umsikilize.