Bibi Perham na Sura za Watu Kumi

Siku moja niliwaambia watoto wa shule hapa Kilakala wajichore, kila mtu sura yake. Wengi huja peku. Wote wakajichora wamevaa viatu. Nikamkumbuka Bibi Margery Perham, mwandishi Mwingereza.

Alizaliwa mwaka 1895. Mwaka 1921 alikwenda Usomali kwa dada yake, na tangu hapo moyo wake haukuondoka Afrika. Alifundisha Oxford jinsi Waingereza walivyotawala nchi zetu. Lakini vitabu vya siku zile vilitutazama kama abiria wa gari moshi waitazamavyo Uluguru, kwa mbali. Basi akakusanya habari za watu, kila mmoja akijieleza mwenyewe, na mwaka 1936 kikatoka kitabu kiitwacho Ten Africans, yaani Waafrika Kumi.

Mzee Rashid bin Hassani, Mbisa aliyeuzwa utumwani angali mtoto, alisimulia kwa kinywa, na Mzungu akaandika. Hapo nasita kidogo: nani ajuaye maneno yaliyoachwa njiani? Martin Kayamba, Mbondei aliyezaliwa Mbweni, Unguja, mwaka 1891, alishika kalamu mwenyewe. Huyu alipata kufungwa na Wadachi huko Tabora wakati wa vita, na mwaka 1931 alikwenda London kutoa ushahidi mbele ya kamati ya Bunge. Pengine naye alijichora kwa heshima kuliko alivyokuwa. Lakini viatu alivichagua mwenyewe.

Bibi Perham alifariki mwaka 1982. Picha za watoto wale ningali nazo ukutani.