Umeme wa nyuklia nchini Tanzania

Umeme wa nyuklia nchini Tanzania bado ni jambo la mipango. Nchi haina kinu cha nyuklia, ingawa ina urani ardhini, hasa eneo la Mto Mkuju, wilaya ya Namtumbo (mkoa wa Ruvuma). Matumizi ya mionzi husimamiwa na Tume ya Nguvu za Atomu Tanzania.

Duniani kuna vinu vya umeme zaidi ya 400 katika nchi zipatazo 30. Afrika ina viwili tu, vyote Koeberg, Afrika Kusini, ambako umeme ulianza kuzalishwa mwaka 1984. Misri inajenga vinne El Dabaa. Kinu kilichowashwa Kinshasa mwaka 1959, cha kwanza barani, kilikuwa cha utafiti.

Kinu kimoja cha Koeberg hutoa zaidi ya megawati 900. Bwawa la Nyumba ya Mungu, kusini mwa Moshi, linalopokea maji ya Kilimanjaro kupitia mito Kikuletwa na Ruvu, lina mitambo ya megawati 8, na wakati wa ukame hata hizo hupungua. Hata hivyo kinu nacho huhitaji maji mengi ya kupoozea, ndiyo maana Koeberg iko ufukweni. Miteremko ya Kilimanjaro, ambako wakulima hugawana maji ya mifereji kwa zamu, haifai kwa kituo cha namna hiyo.