Mufwankolo na Kiswahili cha Ng'ambo ya Ziwa

Mtu asimamaye ufukoni Nchelenge akatazama magharibi, ng'ambo ya Ziwa Mweru, huielekea Katanga. Huko Kiswahili ni lugha ya soko na ya migodi; ni lugha ya jukwaa pia. Jambo hili la mwisho aghalabu hatulitaji darasani. Kwa hiyo tumeona vema kueleza habari za mwigizaji wa Lubumbashi, Kyembe Kaswili, ajulikanaye zaidi kwa jina lake la mchezoni: Mufwankolo.

Kiswahili cha Katanga kilifika na misafara ya biashara ya karne ya 19, kikaenea katika kambi za Union Minière, kampuni ya shaba iliyoundwa mwaka 1906. Vibarua walitoka kila upande, hata huku kwetu kwa Wabemba. Ndiyo maana wasemaji wake hutumia ba- mahali pa wa-.

Mufwankolo na kikundi chake walikitwaa Kiswahili hicho hicho wakakipeleka redioni na katika televisheni. Michezo yao ilihusu ugomvi wa nyumbani, fedha, ulevi na tamaa za mjini. Hawakukariri maneno yaliyoandikwa. Walikubaliana juu ya kisa, wakagawana nafasi, kisha kila mmoja akatunga usemi wake katika mazoezi. Kazi kama hiyo haiwezekani ila kwa mtu aimilikiye lugha barabara.

Mwaka 1986 mtaalamu Mjerumani, Johannes Fabian, aliyewahi kukaa Lubumbashi tangu 1972 hadi 1974, alisikia mezani, palipoletwa firigisi ya kuku, msemo kwamba madaraka huliwa mazima. Akawauliza waigizaji maana yake. Wao, badala ya kumpa jibu la mkato, waliugeuza msemo huo kuwa mchezo, wakauigiza katika kijiji cha Kawama mbele ya kamera za televisheni. Tukumbuke kwamba hiyo ilikuwa Zaire ya Mobutu, nchi ya chama kimoja. Kuhoji hadharani namna madaraka yanavyoliwa hakukuwa jambo dogo. Mwaka 1990 Fabian alichapisha kitabu juu ya kazi hiyo, na ndani yake mna maneno ya waigizaji kwa Kiswahili chao.

Basi walimu wenzetu, tujiulize: mwanafunzi aliyelelewa penye soko la samaki la Kashikishi akija na ba- yake, tumwambie kwamba asemacho si Kiswahili? La hasha! Kiswahili sanifu ni wajibu wetu kukifundisha, na mtihani haumsamehi asiyekijua. Lakini lugha iliyoweza kubeba swali zito kama lile la Kawama haistahili kuitwa mbovu. Tumfundishe mwanafunzi wapi pa kusema wa-, wala tusimwonee haya mama yake asemaye ba-.